Mpapindi chini ya ngazi: uchambuzi wa kisa cha vyungu vitatu katika chumba cha kiyoyozi, Mji Mkongwe

Katikati ya mwezi wa Agosti, upepo wa kusi ukiwa bado unavuma na asubuhi zikiwa za ubaridi, nilipigiwa simu na mama mmoja mwenye nyumba ya wageni ndani ya Mji Mkongwe wa Unguja. Mwezi wa Juni alikuwa amechukua katika kitalu changu vyungu vitatu vya miti ya jamii ya minazi ili avipange katika chumba cha mapokezi kabla ya wageni wa msimu hawajaanza kuingia. Viwili vilikuwa na ule mti wa mapambo unaojulikana kwa wauza maua kama areka, ambao asili yake ni Bukini (Madagaska), na cha tatu kilikuwa na mpapindi, mti wa kwetu Pemba. Baada ya salamu alisema, "Mwanangu, miti yako inakufa, na mimi maji siinyimi." Nilimwomba anieleze ni maji kiasi gani, akanijibu kwamba kijana wa usafi huipa kopo moja moja kila siku asubuhi, bila ya kukosa hata siku moja. Kauli hiyo ilinitia wasiwasi kuliko habari ya majani kukauka, nikaenda siku ile ile.

Nyumba yenyewe ni ya kale, yenye kuta nene za mawe ya matumbawe na chokaa, na imesimama kwenye kichochoro chembamba kiasi kwamba jua huufikia mlango wake kwa muda mfupi tu adhuhuri. Chumba cha mapokezi kina mlango wa nakshi ambao siku hizi hufungwa muda wote ili baridi isitoke, dirisha moja kubwa linalotazama ua wa ndani, na ngazi ya mbao inayopanda ghorofani. Kiyoyozi kimewekwa nyuzi 18 na hakizimwi mchana wala usiku. Ni vyema msomaji aitazame vizuri hesabu hiyo, kwa sababu usiku wa kipupwe hapa Unguja joto la nje hushuka hadi kiasi cha nyuzi 22 hivi, na sisi wenyewe hujifunika shuka tukasema kuna baridi. Miti ile basi ilikuwa ikiishi katika hali ambayo kisiwa hiki hakina msimu wake.

Vyungu vitatu vilikuwa katika sehemu tatu za chumba kimoja, na kila kimoja kilikuwa na hali yake. Areka ya kwanza, iliyokuwa karibu na dirisha la ua, ilikuwa nzima kwa jumla, isipokuwa ncha za makuti ya chini zilikuwa zimegeuka rangi ya udongo. Areka ya pili ilikuwa kando ya meza ya mapokezi, moja kwa moja kwenye njia ya upepo wa kiyoyozi, na upande wake uliokabili mashine ulikuwa umekauka kama makuti ya kuezekea ilhali upande wa pili bado ulikuwa wa kijani. Mpapindi ulikuwa chini ya ngazi. Makuti yake yalikuwa yamegeuka manjano kuanzia chini kwenda juu, na kuti changa la katikati, lile ambalo bado halijafunguka, lilikuwa limelegea na kupoteza mng'ao. Watu watatu wa nyumba ile walikuwa na maelezo matatu tofauti: mmoja alisema ni baridi, mwingine alisema ni wadudu, na wa tatu, ambaye ni mama mwenyewe, aliamini kwamba miti ina kiu na kwamba kopo moja halitoshi.

Mimi nami nilianza kwa kuifikiria baridi, na nikakosea. Miti hii ya aina zote mbili inapenda joto, lakini nyuzi 18 peke yake haziui areka, na kama baridi ndiyo ingekuwa sababu, basi mti wa dirishani ungeumwa sawasawa na ule wa chini ya ngazi, kwa kuwa chumba ni kimoja. Jioni ile nilimpigia simu dada yangu mkubwa, ambaye ameolewa Stockholm, nchini Uswidi, na ambaye kwa miaka mingi anatunza ndani ya nyumba yake mti wa kentia, jamaa mwingine wa minazi anayetoka kisiwa cha Lord Howe, mashariki ya Australia. Nilimuuliza vipi mti wa nchi ya joto unapona katika majira ya baridi ya huko, ambako siku fupi kabisa za mwezi wa Disemba huwa na mwanga wa saa sita tu.

Jibu lake ndilo lililonifungua macho, kwa hivyo nitalieleza kwa kirefu. Alisema kwamba ndani ya nyumba zao hakuna baridi hata kidogo, kwa sababu mabomba ya maji ya moto yanayopita chini ya madirisha hupasha vyumba joto usiku na mchana. Kinachoisumbua miti ni mambo mawili mengine, ambayo ni upungufu wa mwanga na ukavu wa hewa, kwani hewa ya baridi kali ya nje ina unyevu mchache sana, na ikishaingia ndani ikapashwa joto hukauka mno. Kuanzia Oktoba yeye huusogeza mti karibu zaidi na dirisha, ila si juu ya bomba la joto, huacha kabisa kutia mbolea, hauhamishi chungu wala hakati mizizi, hupangusa vumbi la majani kwa kitambaa chenye maji, na kubwa kuliko yote hupunguza maji, hata mti uliokuwa ukinyweshwa kila siku chache wakati wa kiangazi hungojea wiki nzima au zaidi. Mwezi wa Machi mwanga ukirudi ndipo anapoanza tena polepole. "Mdogo wangu," aliniambia, "huku mtu haui mti wake kwa baridi. Anauua kwa huruma, kwa kuunywesha Disemba kama alivyokuwa akiunywesha Julai."

Kesho yake nilirudi katika nyumba ile nikiwa na karatasi moja nyeupe. Adhuhuri niliilaza karatasi juu ya kila chungu na kuuweka mkono wangu juu yake kwa umbali wa shubiri moja na nusu hivi. Dirishani kivuli cha mkono kilionekana, na vidole viliweza kuhesabika ingawa kingo zake zilikuwa hafifu. Karibu na meza kilionekana kiwingu tu kisicho na umbo. Chini ya ngazi hapakuwa na kivuli chochote. Jicho la binadamu huzoea giza haraka na kutudanganya, kwa hivyo chumba ambacho mgeni anakiona kimetulia na kupendeza, kwa mti kinaweza kuwa usiku, na karatasi haina mazoea hayo.

Nilimuuliza mama kwa nini mpapindi uliwekwa pale, akanijibu kwa hoja ambayo ilikuwa na mantiki yake. Yeye ni mzaliwa wa Konde, kaskazini ya Pemba, na tangu utoto wake ameiona mipapindi ikimea chini ya miti mikubwa ya msitu wa Ngezi, kwa hivyo alijua kuwa ni mti wa kivulini na akauchagulia mahali penye kivuli kuliko pote. Aliyoyaona ni kweli. Mpapindi ni mti wa Pemba hasa, na wataalamu waliuandika kwa jina la kisiwa, Chrysalidocarpus pembanus, mwaka 1962, katika jenasi moja na ile areka ya Bukini, kwa hivyo vyungu vile vitatu vilikuwa na ndugu wa damu. Hata hivyo kivuli cha msituni si giza la nyumbani. Chini ya miti ya Ngezi anga yote iko juu ya mti, mwanga hupenya kati ya majani kutoka kila upande, na mabaka ya jua hupita juu ya makuti kutwa nzima. Chini ya ngazi ya nyumba ya mawe mwanga hutoka upande mmoja, kwa mbali, baada ya kupita kwenye ua, kwenye dirisha na kwenye samani. (Lugha yetu haina hata neno moja la kuijumlisha miti hii, tuna mnazi, mtende, mpopoo, mkindu, mkoche, mvumo, mpapindi, kila mmoja na jina lake, na mtu anayeijua mmoja mmoja namna hiyo huujua pia ule unaopenda uwanda na ule unaopenda msitu. Ujuzi huo ndio uliompeleka mama huyu karibu na jibu sahihi, ukakosea hatua ya mwisho tu.)

Sasa tulitazame suala la maji, ambalo ndilo kiini cha kisa hiki. Mti haunywi kwa sababu umemwagiwa. Unakunywa kwa sababu majani yanavuta, na majani huvuta pale yanapofanya kazi, na kazi yao hutegemea mwanga. Kopo lile lile moja kila asubuhi lilikuwa kiasi kinachofaa kwa mti wa dirishani, lilizidi kidogo kwa mti wa mezani, na kwa mpapindi wa chini ya ngazi lilikuwa mafuriko, kwa kuwa maji ya jana yalikuwa hayajaguswa wakati ya leo yanaongezwa. Udongo uliojaa maji hauna nafasi ya hewa, na mizizi isiyopata hewa hufa na kuoza. Mizizi ikishaoza haiwezi tena kupeleka maji juu, hivyo makuti hunyauka na kugeuka manjano, dalili ambazo kwa jicho la mtu mwenye huruma zinafanana kabisa na kiu, na matokeo yake kopo la pili linaongezwa. Wakati huo huo hewa kavu ya kiyoyozi, ambacho kazi yake mojawapo ni kuutoa unyevu wa chumba na kuumwaga nje kwa bomba, inanyonya maji kutoka kwenye ncha za majani. Kwa hivyo si uongo kusema kwamba mti ule ulikuwa na kiu juu huku ukizama chini, na ndiyo maana kila mmoja katika nyumba ile alikuwa ameona sehemu moja ya ukweli.

Nilipoinua vyungu nilikuta jambo jingine ambalo sikulitarajia. Kwa ajili ya pambo, kila chungu kilikuwa kimetumbukizwa ndani ya sufuria kubwa ya shaba ya zamani, sufuria nzuri kwa kweli, zilizong'arishwa vizuri, lakini zisizo na tundu. Ndani ya ile ya mpapindi kulikuwa na maji ya vidole vinne yanayonuka. Nililishika kuti changa la katikati na kulivuta kwa upole, likatoka lenyewe mkononi mwangu, na kitako chake kilikuwa kimeoza. Mtu yeyote aliyelima minazi anajua maana yake: mti wa jamii hii kwa kawaida una kilele kimoja tu katika kila shina, hauchipui pembeni kama mwembe uliokatwa, na kilele kikioza shina hilo limekwisha. Bahati ya mpapindi ni kwamba aghalabu hutoa mashina kadhaa katika kisiki kimoja. Chungu kile kilikuwa na mashina matatu, mawili yaling'oka vivyo hivyo, na la tatu, lililo dogo kuliko yote, lilishikilia.

Bado palikuwa na swali la zile ncha kavu za mti wa dirishani, ambao haukuwa na giza, wala upepo wa mashine, wala maji ya ziada ya kiasi hicho. Hapo nililazimika kuyarudia mambo ya kwangu. Juu ya udongo wa vyungu vyote vitatu kulikuwa na ukoko mweupe. Sehemu ya ukoko huo ilitokana na maji ya kisima cha nyumba, ambayo ukiyaonja unaihisi chumvi, na ambayo yule kijana alikuwa akiyanyunyizia hata majani akidhani anayapa unyevu, yakiacha madoa meupe juu yake. Sehemu nyingine ilitoka kwangu. Mchanganyiko wa udongo ninaoutumia una vumbi la makumbi, yale maganda ya nje ya nazi, na vumbi lile nilikuwa nimelinunua pwani ya mashariki kwa kina mama wanaosokota kamba za usumba. Makumbi yao hufukiwa kwenye matope ya bahari kwa miezi kadhaa ndipo yapondwe, na vumbi linalobaki hubeba chumvi ya bahari. Nilipaswa kulisuuza kwa maji matamu mara kadhaa kabla ya kulitumia, na kwa awamu ile nililisuuza mara moja tu kwa haraka ya msimu. Mti uliopo nje ungeoshwa na mvua. Mti uliofungiwa ndani hauna mvua, na chumvi yote inayoingia chunguni hubaki humo mpaka mtu aitoe. Nilimweleza mama kosa hilo wazi na nikakataa malipo ya kazi iliyofuata.

Kuhusu wadudu nitasema machache. Niliipiga karatasi ile nyeupe chini ya makuti ya areka ya mezani, na vidoa vidogo kama vumbi vilivyodondoka juu yake vikaanza kutembea: utitiri, ambao hustawi sana katika hewa kavu na mara nyingi huja baada ya ukavu badala ya kuutangulia. Tuliyaosha makuti yote chini na juu kwa maji yenye sabuni kidogo, tukayasuuza, na tukarudia baada ya siku saba, kisha tena. Dawa kali haikuhitajika.

Hatua za kuiponya miti zilikuwa kama ifuatavyo. Mpapindi niliuchukua mimi, nikaondoa mashina yaliyooza pamoja na mizizi yote iliyokuwa laini, na nikalipanda shina lililobaki katika chungu kidogo cha udongo chenye mchanga mwingi, kwa sababu chungu kikubwa kwa mti wenye mizizi michache ni bwawa jingine. Areka mbili zilitolewa uani, zikamiminiwa maji ya mvua ya masika yaliyokuwa yamehifadhiwa tangini, polepole na kwa wingi, mpaka yaliyotoka chini hayakuwa na ladha ya chumvi. Baadaye nilishauri watumie maji ya mfereji, au hata yale yanayodondoka kwenye bomba la kiyoyozi, ambayo yametokana na unyevu wa hewa na hayana chumvi. Niliwaomba wasiyakate makuti yaliyoanza kuwa manjano hadi yakauke kabisa, kwa kuwa mti huvuta chakula kutoka katika kuti kuukuu na kukipeleka kwenye kuti jipya, na anayelikata mapema anaunyang'anya akiba yake. Mbolea nilikataza kabisa, ingawa mama alikuwa tayari ameshanunua mfuko, kwani mti usio na mwanga hauna cha kuifanyia mbolea, na yenyewe ni chumvi nyingine juu ya chumvi. Sufuria za shaba zimebaki, ila sasa ndani ya kila moja kuna kokoto za kukiinua chungu, na maji yanayokusanyika humwagwa. Kijana wa usafi amefundishwa kutia kidole udongoni hadi kifundo cha pili kabla ya kutia maji, na kuondoka na kopo lake ikiwa kidole kimetoka na unyevu. Alikiri kwamba ilimwia vigumu, kwa kuwa alihisi kama anaunyima mti riziki yake.

Hatua hizo zote, hata hivyo, ni za Stockholm, na hapa ndipo kisa chetu kinapoachana na cha dada yangu. Majira yake ya baridi yana mwisho. Anaubana mti miezi mitano akijua kwamba mwanga utarudi, na mti wenyewe hungojea. Chumba cha kiyoyozi cha Mji Mkongwe hakina Machi. Kaskazi iingie itoke, masika yapite, ndani ya kuta zile ni Disemba ile ile mwaka mzima, na mti utakaotunzwa humo kwa uangalifu wote utakufa kwa kuchelewa badala ya kufa mapema. Kwa upande mwingine sisi tuna kitu ambacho yeye hana: anafungua mlango wake akakuta theluji, sisi tunafungua tukakuta hewa ambayo miti hii imeumbiwa, yenye joto na unyevu, hatua kumi tu kutoka meza ya mapokezi. Kwa hivyo nilimshauri mama awe na seti tatu za vyungu badala ya moja, na zipokezane zamu, kila seti ikae ndani mwezi mmoja na kupumzika uani miezi miwili. Alisita kwa sababu ya gharama, ambayo ni halali kuisitia, mpaka tulipokubaliana kwamba seti mbili za ziada zikae kwangu kwa kodi ndogo.

Zamu ina hatari yake moja. Kuti lililozoea ndani likitolewa ghafla kwenye jua la saa saba huungua, hubabuka rangi nyeupe, na halirudi kuwa kijani. Vyungu vinavyotoka hukaa kwanza wiki moja chini ya paa la upenu, ambapo anga inaonekana lakini jua haliingii, kisha wiki nyingine pale panapopata jua la asubuhi peke yake. Miti hii haihitaji zaidi ya hapo. Siku ya kubadilishana wameifunga na mwandamo wa mwezi, wazo la mama mwenyewe, kwa kuwa wafanyakazi wote wanajua mwezi umeandama lini bila ya kuandikiwa.

Areka zote mbili zimeshatoa makuti mapya, na ile iliyokuwa mezani bado ina upande uliopungua, ambao utachukua zaidi ya mwaka kujaa. Mpapindi uko kwangu, chini ya mwembe, mahali ambapo mabaka ya jua hupita juu yake kuanzia asubuhi. Shina lile dogo limefungua kuti moja mwezi wa Novemba na jingine limeanza kuchomoza. Mama huuliza habari zake kila tunapoonana, na nimemwambia hautarudi mjini mpaka utimize makuti manne mapya. Na utakaporudi, utakaa dirishani.